Pima Kumi Bila Maji

Jua likifika utosini, kijiji chetu chote hulala. Watu wamelala, mbwa wamelala, na mbuzi wanasinzia chini ya mizeituni. Saa hiyo ndiyo aliyoichagua Tharia kwenda kuteka maji.

Hakuichagua kwa akili. Aliichagua kwa aibu. Kwetu, kuteka maji ni kazi ya wanawake. Mwanamume akionekana na mtungi kichwani, watoto watamwimbia mpaka msimu wa zabibu. Kwa hiyo Tharia, mtu mzima mwenye mvi, raia kamili wa Athene, alinyata kwenda chemchemini kama mwizi wa kuku.

Zamani mkewe, Nikareti, ndiye aliyeteka. Nikareti alipofariki, binti yao Melita akaushika mtungi. Kisha Melita akaolewa, akahamia kwa mumewe, upande wa bahari. Nyumba ikabaki na wakazi wawili, ukimhesabu punda. Punda huyo kijiji kizima kilimwita Mheshimiwa, kwa sababu alikula vizuri, hakubeba chochote, na aliwatazama watu kwa dharau.

Jioni Tharia alikula mkate wake wa shayiri na zeituni chache. Wakati mwingine aliweka vikombe viwili mezani. Akikumbuka, alikirudisha kimoja. Kisha alitoka uani kuzungumza na Mheshimiwa.

Chemchemi ya kijiji ilikuwa mbali, nyuma ya kilima, na njia yake ilikuwa ya mawe matupu. Kisima cha karibu kilikuwa kimoja tu. Kilikuwa cha Feinipo, jirani yake wa ukuta kwa ukuta. Kila asubuhi Tharia alisikia gurudumu la kisima hicho likilia, kriii, kriii. Kisha alisikia maji yakimwagika mtungini. Lakini watu hawa wawili walikuwa hawasemezani.

Ugomvi wao ulianza siku ya msiba wa Nikareti. Nguruwe wa Feinipo aliingia uani kwa Tharia, akala mikate ya asali iliyoandaliwa kupelekwa kaburini. Feinipo akaja mbio kumkamata. Alipoiona asali puani mwa nguruwe, akacheka. Tharia alikuwa ndani, karibu na maiti. Kwa dirisha alimwona nguruwe, na alikisikia kile kicheko. Hakumsamehe Feinipo. Hakumsamehe hata nguruwe, ingawa nguruwe mwenyewe alishaliwa sikukuu iliyofuata.

Siku moja Tharia aliteleza njiani. Mtungi ukavunjika na goti likavimba. Melita alipopata habari, alituma neno: "Baba, huwezi kuishi bila maji. Hama, uje ukae kwetu."

Tharia alikaa kizingitini akiwaza. Kuhama kulikuwa na maana moja tu: kuiacha nyumba ambayo Nikareti aliipaka chokaa kwa mikono yake. Alama za vidole vyake bado zilionekana karibu na mlango.

Jioni hiyo akaja Doriki.

"Hodi humu!"

"Karibu, mkuu."

Doriki alikuwa mtengeneza jibini, na mwaka huo alikuwa mkuu wa kijiji. Hakupewa ukuu kwa sababu ya ukoo wala uzuri wa sura. Alipewa na haragwe. Kwetu wanaotaka kazi hiyo hutia mkono chunguni bila kuchungulia. Wengine walitoa haragwe jeusi, yeye akatoa jeupe. Mwaka ukiisha, angesimama mbele ya watu aulizwe alivyofanya kazi. Kisha angerudi kwa mbuzi wake.

Tharia akammiminia divai tupu, isiyochanganywa na maji kama ilivyo desturi yetu. Doriki akapiga funda moja, akakohoa mpaka machozi yakamtoka.

"Mzee Tharia! Divai bila maji? Tumekuwa washenzi wa kaskazini?"

"Maji yameisha."

"Yameisha vipi?"

"Yameisha kama mambo mengine."

Doriki akaviona vigae vya mtungi. Akaliona na goti.

"Na kisima cha Feinipo?"

"Afadhali ninywe mkojo wa Mheshimiwa."

"Hayo mtaelewana wewe na Mheshimiwa. Mimi nakuambia sheria. Mtu ambaye yuko mbali na maji ya umma anachimba kisima kwake. Akichimba pima kumi akakosa maji, ana haki ya kwenda kwenye kisima cha jirani. Anajaza mtungi mmoja wa pishi sita, mara mbili kwa siku. Hiyo si hisani, mzee. Ni haki."

"Haki!" Tharia alinyanyuka, akalisahau goti. "Kumbe ni haki yangu!"

"Subiri. Nimesema akichimba kwanza..."

Lakini Tharia hakumsikia tena. Sikio lake lilikuwa limeshiba neno moja.

"Kesho kutwa kuna mkutano," Doriki akasema. "Njoo useme mbele ya watu. Tangu msiba hujakanyaga uwanjani."

"Nitasema nini mimi? Sijui kuhutubia."

"Hujui? Kila jioni unamhutubia punda. Mtaa mzima unakusikia. Juzi tulikaribia kukupigia makofi."

Siku ya mkutano wanaume walikusanyika mbele ya hekalu la Herakle. Kuhani akazungusha nguruwe mdogo wa kafara ili kuutakasa uwanja. Tharia alimtazama nguruwe yule kwa jicho baya. Kisha mpiga mbiu akauliza swali letu la siku zote:

"Nani anataka kusema?"

Mwenye shamba kubwa anaweza kujibu swali hilo. Mchoma mkaa anaweza. Hata mwenye kigugumizi anaweza, na tutamngoja amalize. Watumwa hawawezi, na wanawake hawawezi. Mke wa Feinipo, mama mmoja aitwaye Kleito, alipenda kusema, "Watekaji maji sisi, wapiga kelele wao."

Tharia akasimama. Wakamvika kichwani taji la majani ya mhadasi, kama anavyovikwa kila msemaji. Lilikuwa kubwa, likamshukia masikioni. Akafungua kinywa. Sauti haikutoka. Alikuwa hajasema mbele ya watu siku nyingi mno, na sauti nayo hushika kutu.

"Ndugu zangu," alianza, akakwama. "Maji... Goti langu... Nguruwe!"

Watu wakaangua kicheko.

"Nguruwe gani tena?" mmoja akauliza. "Yule tuliyemla?"

"Nataka mtungi wangu kisimani kwa Feinipo! Ni haki yangu!" Tharia alipiga kelele, taji likadondoka.

Feinipo akasimama taratibu. Alikuwa mnene, mwenye ndevu zilizochanwa vizuri.

"Nina swali dogo," alisema. "Amechimba?"

Watu wote wakamgeukia Tharia.

"Umechimba, mzee Tharia?" Doriki akauliza, akiangalia chini.

"Kuchimba?"

"Pima kumi. Nilikuambia." Doriki akanyoosha mikono yake miwili, huku na huku. "Hii ni pima moja. Zinatakiwa kumi, kwenda chini. Ndiyo sheria ilivyo, ili mtu asikae tu akategemea jasho la mwenzake."

Wakapiga kura kwa kuinua mikono. Tharia achimbe, na mkuu wa kijiji akapime mwenyewe. Mikono ikainuka pande zote. Feinipo aliinua wake juu kuliko wote. Tharia aliitazama mikono ile, na hakuona hata mmoja uliomwelekea yeye. Akaenda nyumbani peke yake, akipita nyuma ya nyumba za watu.

Kesho yake akachukua jembe akaanza kuchimba uani. Hakumwomba mtu msaada. Alichimba, akajaza kikapu, akapanda juu, akamwaga, akashuka tena. Mheshimiwa alisimama kando akitafuna majani makavu, kama msimamizi.

Kadiri shimo lilivyozama, ndivyo sauti za kijiji zilivyopungua. Tharia hakusikia tena watoto. Hakusikia mbuzi. Alisikia pumzi yake tu. Mara akafikiri: hivi ndivyo ilivyo siku zote, ila leo kuna udongo.

Siku moja aliinua mkono kushika ukingo ili atoke. Mkono haukufika. Akaruka, goti likamkatalia. Akakanyaga kikapu, kikapu kikapasuka.

"Mheshimiwa!" aliita. "Mheshimiwa, ita mtu!"

Mheshimiwa akachungulia shimoni, akatikisa masikio, akaondoka.

Tharia akaanza kupiga kelele. Alipiga kelele mpaka koo likawaka. Kisha akakaa chini kwenye udongo, akaegemeza kichwa ukutani. Akamwita Nikareti, kwa sauti ndogo, si kwa ajili ya msaada.

Kivuli kikaanguka shimoni. Kilikuwa kinene na kilikuwa na ndevu.

"Umefika pima ngapi?" Feinipo akauliza.

Tharia akatazama udongo miguuni pake.

"Nakuuliza, jirani. Mimi nina haki ya kujua. Kisima changu ndicho kilicho hatarini."

"Moja," Tharia akasema. "Labda na kidogo."

"Peke yako?"

"Na punda."

Feinipo akaondoka. Tharia akadhani ameachwa. Lakini muda si mrefu kamba ilishuka shimoni. Aliijua kamba ile. Ndiyo iliyokuwa ikililiza gurudumu kriii, kriii kila asubuhi. Akajifunga kiunoni, na Feinipo akavuta, akihema na kutukana, mpaka wote wawili wakaanguka chali uani.

Wakalala hapo wakitazama mbingu.

"Siku ile," Feinipo akasema, bila kugeuka, "nilimcheka nguruwe. Sikumcheka mkeo. Nilikuja niombe radhi, nikakuta mlango umefungwa. Nikaja tena, umefungwa. Nikakasirika nami."

Tharia akafungua fundo la kamba kiunoni.

"Yule nguruwe alikuwa na asali mpaka kwenye masikio," akasema mwishowe.

"Mpaka kwenye masikio," Feinipo akaitikia, akijizuia.

Doriki alipokuja kukagua, aliwakuta wamekaa ukingoni mwa shimo. Akachungulia shimoni, akatikisa kichwa.

"Mzee Tharia, kisima hakichimbwi na mtu mmoja. Mmoja anakuwa chini, mwingine anavuta udongo, mwingine anashika kamba. Mtu asishuke bila mwenzake juu. Wengi wamefia chini hivyo. Kuta nazo zitiwe mbao zisibomoke. Waombe watu."

"Waliinua mikono dhidi yangu."

"Waliinua mikono ili uchimbe. Hawakusema uchimbe peke yako. Hilo umelipitisha wewe mwenyewe, kwa kura yako moja."

Kwa hiyo Tharia akaenda kubisha milangoni. Mlango wa kwanza ulikuwa mgumu kuliko mwamba wowote aliokutana nao baadaye. Ulikuwa wa mchoma mkaa, yule aliyeuliza habari za nguruwe. Tharia akasema, "Naomba kamba na mikono." Yule mtu akasema, "Nilidhani hutakuja kamwe," akachukua kamba yake.

Wakaja wengine. Feinipo alikuja mapema kuliko wote, na alifanya kazi kwa bidii ya kutisha.

"Mbona unajituma hivi?" mchoma mkaa akamuuliza.

"Najichimbia mwenyewe! Maji yakipatikana hapa, huyu haji kwangu. Vuta, wewe! Vuta!"

Kleito akawaletea jibini na vitunguu, na maji ya kisimani kwake. "Shemeji, kunywa," alimwambia Tharia. "Haya si ya sheria. Haya ni ya kiu."

Walichimba udongo mwekundu, kisha changarawe, kisha mwamba laini mweupe. Kila asubuhi Feinipo alishuka wa kwanza, akaushika udongo, akaunusa. Ulikuwa mkavu kama unga.

Hatimaye Doriki akaja na kamba ya vipimo, yenye fundo kila pima. Akaifunga jiwe, akaishusha. Wote wakainama ukingoni. Jiwe likagonga chini: ko! Hakuna aliyesikia chubwi.

"Pima kumi," Doriki akatangaza. "Hakuna maji."

"Pima moja zaidi!" Feinipo alilia kutoka mwisho wa kundi. "Ndugu zangu, moja tu! Nasikia harufu ya unyevu!"

"Hilo ni jasho lako," mchoma mkaa akamjibu.

Watu wakacheka, na Tharia akacheka nao. Kicheko chake kilikuwa kikavu kama shimo lenyewe, lakini kilitoka. Doriki akamshika bega.

"Kuanzia leo, mtungi mmoja wa pishi sita, mara mbili kwa siku. Na shimo lifunikwe kwa mbao leo hii, asitumbukie mtoto wa mtu."

Tharia akatuma neno kwa Melita kwamba hahami. Akanunua mtungi mpya. Asubuhi na jioni aliubeba kichwani, mchana kweupe, mbele ya watu wote. Watoto walimwimbia kidogo, wakachoka. Goti lake likapona, kwa sababu njia ilikuwa fupi. Bustani yake ya kabichi ikarudi kuwa kijani. Divai yake ikawa divai ya watu wastaarabu tena.

Feinipo alisimama kisimani kila mara, mikono kifuani.

"Umezidisha. Hizo ni pishi sita na kidogo."

"Hicho kidogo ni mate yako, unayoyamwaga ukipayuka."

Ikaingia baridi, na mvua ikaanza. Maji yalitiririka kutoka paa la Tharia, yakajaza mtungi, yakajaza vyungu, yakajaza hata bakuli la Mheshimiwa. Jioni ilipofika, Tharia aliutazama mtungi uliojaa pomoni. Akatazama kikombe kimoja mezani. Akatoka, akaumwaga mtungi wote kwenye kabichi. Akajitwika mtungi mtupu, akavuka kwenda kwa jirani, akilowa.

Feinipo alikuwa amesimama chini ya upenu, kana kwamba anangoja.

"Mvua yote hii, na bado unakuja?"

"Sheria inasema mara mbili kwa siku," Tharia akajibu.

Feinipo akausogeza mlango kwa bega.

"Basi ingia. Sheria haikusema ulowe."