Sauti Iliyoingia Kwenye Utepe

Kulikuwa na sauti kwenye utepe ambayo hakuna aliyeiimba.

Ilikuwa saa nne asubuhi, mwaka 1981, katika studio moja ya Jakarta. Sudarmo Wiryawan alitunga muziki wa filamu za mashetani. Watu walipiga mayowe sinemani kwa rababu yake, aina ya zeze, ila jina lake hawakulijua. Siku hiyo alirekodi peke yake, lakini nyuma ya rababu mwanamke alikuwa akiimba kafumba mdomo.

"Huyu umemtoa wapi?" Pak Tobing, mwongozaji wa filamu, alifurahi. "Nywele zimenisimama! Mwache hapohapo."

Miaka kumi hakuna aliyewahi kumsifu. Sudarmo akauacha utepe ulivyo.

Nyumbani, mkewe Ningrum, mwimbaji wa harusini, alimpokea mlangoni kinywa wazi, sauti imempotea, usitoke hata mkwaruzo. Hospitali hawakuona ugonjwa. Nyumba ikaanza kunuka yasmini iliyooza, na kila utepe ulipochezwa ile sauti ilizidi kunona, ikapata pumzi, ikapata maneno, mpaka adhuhuri moja ikamwita "Mas", neno la mke kwa mumewe, kwa mdeko uleule ambao Ningrum peke yake alimwita nao tangu waoane, na Sudarmo akajua ni koo la nani linaloimba mle.

Akamkimbilia Tobing. "Pak Tobing, nakuomba, tuifute!"

"Umerogwa? Filamu imeshasambazwa majumba ishirini!"

Mganga aliyemwendea baadaye, Mbah Karsih, kikongwe mtafuna tambuu, alimtazama kwa huruma.

"Mjukuu wangu, jini hili limeshakolea utamu. Haliondoki mikono mitupu."

"Basi linichukue mimi!"

"Sauti huna. Una nini linachoweza kukitamani?"

Sudarmo alijua. Alilia kama mtoto, kisha akanong'ona, "Masikio."

Bibi akamfukiza ubani, akammwagia bakuli la maji ya maua, akaliamuru jini litoke kwa Ningrum. Moshi ukainama kama mtu anayepita mlango mfupi, ukamwingia Sudarmo sikio la kulia, kisha la kushoto. Akapiga teke bakuli kwa maumivu. Likapasuka mbele yake, kimya.

Alipofika nyumbani, majirani walikuwa wamejaa barazani, wengine wanajifuta machozi. Ningrum alikaa mkekani, midomo inamcheza. Sudarmo akapiga magoti, akaweka kiganja kooni pake. Palikuwa panatetemeka.

"Umeanza kuimba?" akauliza.

Ningrum alikuwa ameshafika ubeti wa tatu.