Mabawa ya Kuku na Mlango wa Nyuma

Kwenye foleni ya kuku pale sokoni hakuna mpole. Watu wanasukumana, kuku wanalalamika kwenye matenga, mashine ya kunyonyolea inanguruma, na muuza kuku ana kisu mkono huu, simu mkono ule. Asubuhi moja mpishi wa ukumbi wa sherehe alifika pale amenuna. Meneja wake, mtu ambaye hajawahi kumenya hata kitunguu, alikuwa amemwita na kumwambia kwamba wageni wamechoshwa na vitafunio vya kila siku. Wanataka kitu kipya cha kufungulia mlo, cha kuku, chenye ladha za Kichina. Kinapikwaje, hakusema. Ndivyo walivyo wakubwa: wakishaamuru, wao kazi imeisha.

"Nifungie mabawa yote hayo," mpishi alimwambia muuza kuku, akionyesha ndoo.

"Yana mwenyewe hayo," sauti ikajibu nyuma ya bega lake.

Akageuka. Mwanamke alikuwa amesimama hapo, gauni la kijani limemkaa vizuri kiunoni, mikono ameikunja hadi viwikoni, kilemba cheupe kimeegemea sikio moja kana kwamba kimefungwa huku anakimbia. Alinukia tangawizi mbichi.

"Dada, mimi nimetangulia."

"Umetangulia kufika. Mimi nimetangulia kuagiza. Muulize mwenyewe."

Muuza kuku akajifanya ana simu.

"Unayataka ya nini yote hayo?" mwanamke akauliza.

"Kupika Kichina."

"Kichina!" Akacheka hadi mama wa nyuma akacheka naye bila kujua kisa. "Haya, unaanzaje?"

"Si natia mchuzi wa soya, natia chumvi..."

"Chumvi! Soya yenyewe ni chumvi, kaka yangu, halafu uitie chumvi nyingine? Wageni wako watakunywa maji hadi wavimbe."

Mpishi, na upara wake, na miaka yake yote jikoni, akahisi masikio yanamuungua. Lakini hakukasirika. Tangu mkewe afariki hakuna mtu aliyemcheka kwa namna ile, ya kumcheka na bado kubaki amesimama naye. Waligawana ndoo ile nusu kwa nusu, na kabla hawajaachana, simu yake ilikuwa na namba mpya. Yeye aliandikwa kwenye simu ya mwanamke kwa jina la Chumvi.

Mwanamke mwenyewe wateja walimwita Vijiti. Alikuwa na kibanda cha bati nyuma ya majengo ya ofisi, meza moja, mabenchi, jiko la mkaa na sufuria nzito yenye mfuniko mzito zaidi. Aliwahi kufanya kazi kwenye mgahawa wa Wachina, na alipotoka alitoka na ufundi. Mpishi alianza kwenda pale kila alipopata mapumziko, akisema anajifunza. Watu wa mabenchini walimtazama tu wakatabasamu.

"Kwanza yakaange kidogo, yapate rangi," Vijiti alimwelekeza. "Sasa soya, asali, tangawizi, kitunguu saumu, siki kidogo. Na hii." Akamwekea kiganjani kiungo kikavu chenye umbo la nyota. "Moja tu. Ukizidisha, chakula kitanuka dawa ya kikohozi."

"Halafu?"

"Halafu funika, punguza moto, tukae tupige stori."

"Hadi lini?"

"Hadi mfupa utoke wenyewe. Wee! Toa mkono kwenye mfuniko! Unafunua nini, unatafuta mtoto?"

Hapo ndipo palipokuwa na siri yake. Bawa likishaiva kwa moto mdogo nusu siku, mchuzi ukawa mzito na kung'aa kama rangi ya viatu, Vijiti alilishika kwa vidole viwili, akauchomoa mfupa taratibu, na pale ulipotoka mfupa akachomeka kijiti. Juu akanyunyiza ufuta. Mtu aliyevaa suti angeweza kula bila kuchafua hata kucha.

"Mikono yako imeumbwa kwa kazi hii," mpishi alisema siku moja.

"Na yako imeumbwa kwa kazi gani?"

"Kushika hiyo."

"Basi nawa kwanza, una kitunguu saumu," akasema, lakini hakuuondoa mkono.

Wakapendana, watu wazima, bila papara. Simu zikawa nyingi.

"Umekula, Chumvi?"

"Nimeonja. Kula bado, hadi nikuone."

"Maneno hayo umeyatoa wapi, mtu mzima?"

"Kwenye sufuria yako, mpenzi. Nilifunua."

Ikaja siku ya hafla. Kampuni moja kubwa ilikuwa inaandalia wateja wake chakula cha mchana, na meneja alikuwa ametamba kwamba mpishi wake atawashangaza. Mabawa yalikuwa mengi kuliko mikono ya mpishi. Alijaribu kuchomoa mifupa, nyama ikamchanikia. Akampigia Vijiti simu.

"Njoo unisaidie, mama. Ingia mlango wa nyuma."

"Nije jikoni kwenu? Mimi?"

"Na wageni wakishakula nitakutambulisha kwa watu. Nimechoka kukuficha kibandani."

Alikuja amevaa gauni la buluu, jipya, lenye mshono wa dhahabu kwenye kola, ambalo mpishi hajawahi kuliona. Viatu vya kisigino. Hereni. Kilemba safari hii kilikuwa kimenyooka. Alifunga aproni ya mpishi juu ya gauni lile akaketi kwenye kreti la soda, akachomoa mfupa, akachomeka kijiti, akachomoa, akachomeka, huku akiimba kwa sauti ya chini. Sinia zilitoka zimejaa, zikarudi na ufuta peke yake.

Kisha meneja akaingia jikoni. Nyuma yake walikuwepo mabwana wawili wa kampuni ile, na tai zao.

"Huyu ndiye fundi wetu," meneja akasema, akimpiga mpishi begani. "Waambie wageni. Ubunifu wa kutoa mfupa na kuweka kijiti, ni wako?"

Mpishi alifungua mdomo. Pembeni, kwenye kreti, kuimba kulikuwa kumekoma.

"Ni... ndiyo, bosi."

"Safi sana! Na huyu mama ni nani? Si nilisema mtu wa nje asishike chakula cha wageni?"

Ni kweli alisema. Alikuwa amebandika agizo hilo hata ukutani, juu ya sinki. Wakubwa hupenda sana kubandika mambo ukutani. Mpishi aliiona karatasi ile, akaziona tai zile, akauona mkono wa meneja ukitoka begani mwake. Akasema:

"Huyu? Huyu ni muosha vyombo tu, bosi."

Tu. Neno dogo kama lile, na yeye ndiye aliyeliongeza, hakulazimishwa na mtu.

Meneja akaitikia kwa kichwa, wakatoka. Mpishi alibaki anatazama sakafu. Alitamani atukanwe. Alitamani kile kijiti achomwe nacho. Lakini Vijiti aliinuka, akavua hereni akazitia mfukoni, akaenda kwenye sinki akafungua maji.

"Vijiti, mama, acha. Nilikuwa najitetea tu, unajua huyu mtu alivyo..."

Akachukua sinia ya kwanza.

"Mpenzi, nakuomba."

Akaisugua, akaisuuza, akaiegemeza. Akachukua ya pili. Aliosha sinia zote, sahani zote, glasi, sufuria, hata mwiko wa mpishi akautoa mkononi mwake akauosha. Maji ya soya na mafuta yalirukia gauni la buluu kwenye tumbo, kwenye mikono, kwenye ile kola ya dhahabu. Mpishi alijaribu kushika sahani amsaidie, Vijiti akamwondolea mkono kama mtu anavyoondoa nzi. Alipomaliza alikausha sinki, akafungua aproni akaikunja vizuri.

"Kazi imeisha, mpishi mkuu," akasema. Akatokea mlango aliouingilia.

Kuanzia hapo simu haikupokelewa. Mpishi alipiga akiwa kazini, alipiga akiwa njiani, alipiga akiwa amekaa kitandani na kiatu kimoja mguuni. Mwishowe akampigia dada yake mkubwa, akamweleza yote, na alipofika mwisho akamalizia: "Ni huyu meneja, dada. Hawa watu wametufanya tuwe waoga."

Dada yake alimsikiliza hadi mwisho. Kisha: "Mdogo wangu, nikuulize. Marehemu wifi yangu alipolazwa hospitali, wewe ulikuwa wapi?"

"Kazini. Sikupewa ruhusa."

"Uliomba?"

Mpishi akahamishia simu sikio jingine.

"Hukuomba. Ulikuwa unawakaangia watu viazi, na mkeo anauliza, kaja? Nilikudanganyia mimi, nikamwambia umenyimwa ruhusa. Tangu hapo unaurudia uongo wangu kama vile ni kweli, na mimi nakuacha kwa huruma. Safari hii sikudanganyii. Meneja ana mdomo wake, na wewe una wako."

Simu ikakatwa. Mpishi alikaa pale haya imemwenea mwili mzima, haya nzito, ya mtu aliyeonwa uchi na watu wawili, mmoja hai na mmoja marehemu.

Kesho yake mchana akaenda kibandani. Hakubadili nguo, alikwenda na koti lake jeupe la upishi. Mabenchi yalikuwa yamejaa watu wa ofisini. Vijiti alikuwa anahudumia, na alichokivaa kilimkata mpishi maini: lile gauni la buluu. Madoa ya soya hayakutoka. Nguo ya kutokea ilikuwa imegeuka ya kazini.

Vijiti hakumsalimia. Mpishi aliona karai la vyombo vichafu chini ya meza, akachuchumaa, akaanza kuosha. Watu wakaguna. Mmoja akachokoza: "Vijiti, umeajiri hadi mpishi wa ukumbini!"

"Sijamwajiri mtu," akajibu bila kugeuka. "Na wewe, mpishi mkuu, usinifanyie maonyesho hapa. Kuosha vyombo si aibu. Mimi naosha kila siku. Unadhani nilichukia vyombo?"

"Hapana."

"Nilichukia nini?"

"Nilivyokukana."

"Mbele ya nani?"

"Mbele ya meneja."

"Yupo hapa?"

Hayupo. Mpishi akafuta mikono kwenye koti lake, akatoa simu. Vidole vilikuwa vinateleza kwa sabuni na kwa woga. Akapiga, akaweka sauti ya nje. Benchi zima likaacha kutafuna.

"Uko wapi wewe?" meneja akafoka. "Ile kampuni wanataka tena yale mabawa yako!"

"Bosi, si yangu."

"Nini?"

"Yale mabawa si yangu. Mfupa, kijiti, mchuzi, vyote ni vya yule mama uliyemkuta jikoni. Nilikwambia ni muosha vyombo. Nilidanganya. Ni mtu wangu. Ndiye... ndiye ninayetaka kumuoa, kama bado anaweza kunitazama."

Mkaa ulialika jikoni.

"Kwa hiyo ulinidanganya mbele ya wageni," meneja akasema polepole.

"Ndiyo, bosi."

"Kesho uje ofisini. Usivae koti." Akakata.

Usivae koti. Kila mtu pale alielewa maana yake. Mpishi alirudisha simu mfukoni, akachuchumaa tena kwenye karai, kwa sababu hakujua mahali pengine pa kuuweka uso wake. Alisubiri kufukuzwa na hapa pia.

Vijiti aliwahudumia wateja wawili. Akaongeza mkaa. Kisha vikasimama mbele ya karai viatu vyake vya kazini, vya plastiki, na pindo la gauni la buluu.

"Nani alikwambia mimi nitaolewa na mtu asiye na kazi?"

"Hakuna."

"Nani alikwambia nitaolewa na mwenye kazi?"

Mpishi akainua macho. Hakuwa anacheka, lakini kilemba kilikuwa kimerudi upande.

"Bado nina hasira," akasema. "Ninazo nyingi, usidhani zimeisha."

"Najua."

"Kesho unaenda kwa meneja wako?"

"Ndiyo. Nikasikie."

"Nitakwenda na wewe. Nimsikie na mimi, na yeye anisikie." Akamrushia kitambaa kikavu. "Lakini leo jioni unanipeleka kwa fundi akanishonee gauni jingine, maana hili umeliua. Na kesho, Chumvi, tunapita mlango wa mbele."