Kikombe cha Tisa

Mama mdogo wangu, Gladwell, ni mwalimu wa darasa la pili huko Kaaga, mjini Meru. Aliolewa Mbeere, karibu na Siakago, na kila likizo alishuka kwa mama mkwe wake, Ruguru, pamoja na bintiye Kanana wa miaka saba. Yaliyompata Desemba alinisimulia mwenyewe akitoa mawe kwenye ndengu. Hakulia hata mara moja, na hilo ndilo lililonitisha kwanza.

Mtama ulikuwa umeanza kujaa, na ndege hawana adabu. Kila mwenye shamba alikuwa juu ya dungu lake, jukwaa la kulindia mazao, akirusha mawe na kupiga kelele. Dungu la Ruguru lilikaliwa na watu ambao hakuwaajiri. Walikuja alfajiri, wakapanda ngazi, wakakaa kimya. Wenyeji huwaita Waamia-Siku. Sisi tukiamia, tunafukuza ndege wasile mtama. Wao, yasemekana, wanafukuza kitu kisile siku zetu. Wasingekuwapo, ungelala Jumatatu kijana na kuamka Jumanne mzee.

"Saa nne uwapelekee uji," Ruguru alimwambia Gladwell akielekea sokoni. "Majina usiulize. Weka chini, urudi."

Hakumwambia asiwahesabu. Nani huambiwa hilo? Huku kwetu watu hawahesabiwi kwa kidole, wala mbuzi. Hata Gladwell alilelewa hivyo. Lakini amehesabu wanafunzi kila asubuhi kwa miaka kumi na mitano, na mazoea yana taabu.

Gladwell na Kanana walifika na sinia la vikombe tisa, idadi ya kila mwaka. Wale watu walitazama mbali, hakuna aliyegeuka. Shamba la jirani lilikuwa na vurugu ya ndege. Hapa hata nzi hakulia. Gladwell akatoa kidole.

"Mmoja, wawili, watatu..."

Walikuwa wanane. Kikombe cha tisa kilibaki kwenye sinia. Akampa Kanana, akamgusa kichwa, akacheka.

"Basi wewe ndiwe wa tisa."

Wote wanane wakageuka.

"Asante, mwalimu," mmoja akanong'ona. "Tulikuwa tumepungukiwa."

Kanana akaanza kupanda ngazi. Hakuna aliyemvuta. Alikishika kikombe vizuri, uji usimwagike. Gladwell akafungua mdomo. Sauti haikutoka. Akainua mguu. Ukarudi palepale. Akaona kivuli chake mbele yake. Akapepesa macho. Kivuli kilikuwa nyuma.

Jua lilikuwa linazama. Ruguru alikuwa amemshika bega. Dungu lilikuwa tupu, na vikombe vimepangwa chini ya ngazi.

"Uliwahesabu?"

"Eeh."

"Kwa kidole?"

"Mama, ni mazoea tu ya shule. Kanana ako wapi?"

Ruguru akakaa mchangani. "Mmoja wao alikufa mwaka jana," alisema polepole. "Walikuwa wanangoja mtu awahesabie mwingine. Wao wenyewe hawaruhusiwi kuchagua."

Polisi walitafuta wiki tatu. Kanisa likafunga na kuomba. Baba wa mtoto, Mutwiri, alilia mpaka akalazwa. Gladwell hakuhisi kitu. Alikula alipoambiwa ale. Hajarudi Kaaga. Anataka jambo moja tu, mtoto wake ashuke, na kila Jumamosi huenda chini ya dungu, huita jina lake mara tatu na kungoja. Hajajibiwa.

Lakini kuna nyayo.

Jumamosi ya kwanza zilikuwa za mtoto, mchangani chini ya ngazi, zikizunguka mahali anaposimama. Alizijua, maana kidole cha mwisho cha mguu wa kushoto wa Kanana kimepanda juu ya mwenzake. Jumamosi ya tatu zilikuwa ndefu zaidi. Mwisho wa Januari zilitoshana na zake. Alivua viatu, akakanyaga ndani yake, na hazikuzidi wala kupungua.

Jumamosi iliyopita nilienda naye. Mtama ulikuwa umevunwa zamani, na hakuna mtu aliyekuwa amepita hapo. Nyayo zilikuwapo. Zilikuwa pana, za kuburuta, na kidole kimepanda juu ya mwenzake. Kando ya kila hatua ya kulia palikuwa na tundu dogo la mkongojo.

Gladwell akachuchumaa. Akaweka kiganja juu ya unyayo, taratibu.

"Amenipita umri," akasema.