Misaji ya Fundi kwenye Kiwanja cha Mshonaji

Siku hiyo fundi seremala aliamka na furaha. Alikunywa chai harakaharaka, akachukua msumeno na kamba. Binti yake wa pekee alikuwa anakaribia kuolewa, na fundi alikuwa amemwahidi kitanda cha msaji. Si msaji wa kununua. Ni msaji alioupanda kwa mikono yake mwenyewe.

Misaji ilikuwa mitatu, kwenye kiwanja cha nyuma. Kiwanja hicho fundi alikuwa amekwisha kumuuzia mama mmoja mshonaji. Lakini hilo halikumtia wasiwasi hata chembe. Kabla ya kuuza, alipiga kila shina alama ya rangi nyekundu. Fundi yeyote wa mbao akiona alama kama ile anajua kuwa mti una mwenyewe. Bahati mbaya, mshonaji hakuwa fundi wa mbao.

Alimkuta ameweka cherehani kivulini, anapinda suruali.

"Hodi, mama! Sogea kidogo, nisije nikakuangushia mti."

"Karibu, fundi. Mti gani tena?"

"Hii misaji yangu."

Mshonaji akaondoa mguu kwenye pedali. "Yako vipi, na kiwanja umeniuzia?"

"Nilikuuzia ardhi, sikukuuzia miti. Kwani alama hukuziona?"

"Niliziona. Nikajua ni za mpaka!"

Fundi akaona anachezewa shere. Sauti zikapanda. Mke wa fundi akatoka jikoni na mikono yenye unga, binti akamfuata. Jirani yao, karani mstaafu wa mahakama, naye akaja mbiombio, kandambili moja yake na nyingine ya mkewe.

"Fundi, mkataba mliandika?" aliuliza karani.

"Tuliandika."

"Miti mliitaja?"

"Ya nini kuitaja? Mtaa mzima unajua nimeipanda mimi."

"Hapo ndipo ulipojikwaa. Kwa kawaida, mti uliosimama ardhini ni sehemu ya ardhi. Ukiuza kiwanja ukanyamaza, miti inakwenda na kiwanja, hata kama uliipanda wewe. Ukitaka ibaki yako, mnakubaliana kabla ya kuuziana. Mnaandika ni miti ipi, na mwisho wa kuikata ni lini. Kama hamna hakika, mnauliza ofisi ya ardhi. Sasa wewe umepiga rangi, mwenzako akaielewa kivyake."

"Na nikikata?"

"Utakuwa umekata mti wa mtu. Anaweza kukushtaki."

Fundi akatupa kamba chini. Aliona aibu kwa kelele alizopiga, na uchungu zaidi alipomwona binti yake ameinamisha kichwa.

"Mama," alimwambia mshonaji kwa sauti ya chini, "nimekosea. Miti ni yako. Lakini nimemwahidi mwanangu kitanda. Naomba unipe mmoja tu, nami nitakulipa."

Mshonaji akamtazama binti, kisha akamgeukia fundi. "Ungeanza na maneno hayo, tusingejaza watu. Chukua ule wa pembeni. Hii miwili niachie, ndiyo kivuli changu. Hela sitaki. Nitengenezee meza ya kukatia vitambaa. Ila safari hii tuandike."

Waliandika pale pale, juu ya cherehani. Wote wawili wakasaini, na karani akawa shahidi. Ndipo msumeno ukaanza kazi.

Binti aliolewa, akaenda na kitanda chake. Mshonaji alipata meza pana, na sasa hakati tena vitambaa sakafuni. Yeye na fundi wanasalimiana vizuri tu.

Baadaye fundi aliuza kipande kingine, chenye michungwa miwili. Mnunuzi alipotoa kalamu asaini, fundi akamshika mkono.

"Ngoja kwanza, bwana. Michungwa hii ni yangu mpaka nivune matunda yaliyopo. Nikishavuna, ni yako. Tuandike hivyo."

Mkewe, aliyekuwa shahidi, akaangua kicheko.

"Na mimi niandikeni humo kwamba nabaki," alisema. "Huyu bwana akinyamaza, nitakwenda na kiwanja!"