Zamu ya Mwisho ya Bradley

Ndugu yangu Bradley alikuwa mlinzi huko ughaibuni, Al Wakrah, kwenye ukumbi wa tajiri mmoja aliyenunua meli ya kivita ya kale, ya matanga, akaiweka ndani watu waje kuitazama. Ijumaa ile zamu yake ya mwisho iliisha saa nane mchana. Jioni angepanda ndege kwenda kumwona mama, baada ya miaka miwili. Nilitoka kanisani Mesaimeer nikampelekea sanduku lake, pasipoti ikiwa ndani, nimejaa furaha kama msafiri ni mimi.

Meli hiyo ilitekwa vitani mara tatu. Kila ilipotekwa ilipewa jina jipya na bendera mpya, lakini mabaharia hawakuachiliwa. Walifungiwa chini, wakachapwa mijeledi, wakalala kwenye shuka za kuning'inia, wakakabidhiwa bwana mwingine pamoja na mizinga. Bradley alinisomea hayo kwenye kibao akicheka. "Hawa waliteseka kuliko sisi."

Walinzi wana desturi yao. Anayetoka husema, "Nakukabidhi lindo." Anayeingia hujibu, "Nimepokea." Bila jibu hilo huondoki, hata uwe mgonjwa. Bradley alizoea hata akawa anajibu kabla ya kuangalia ni nani aliyesema. Mazoea yana taabu.

Aliteremka chini ya sitaha kukagua mara ya mwisho. Mimi nilibaki juu na Silvesta, mlinzi wa kumpokea. Tukasikia sauti kutoka chini, nzito, ya mtu aliyejifunza Kiswahili kwa kusikiliza tu.

"Nakukabidhi lindo."

"Nimepokea," Bradley akajibu.

Silvesta akanishika mkono. Huko chini hakukuwa na mlinzi mwingine.

Kifuniko cha ngazi kikajifunga. Tukavuta. Wapi! Mbao zilikuwa baridi. Kisha mnong'ono, karibu kabisa na sikio langu.

"Jeptoo. Sema umepokea."

"Fungua, Bradley!"

"Siwezi. Sema tu, dadangu. Ndege itaniacha."

Nikafungua mdomo. Silvesta akauziba kwa kiganja. "Ukijibu, ni wewe utabaki," akaninong'oneza. Akauondoa mkono wake. Nilikuwa huru kusema.

Niliogopa. Nikanyamaza. Mungu anisamehe.

Mafundi walikata kifuniko saa kumi. Chini palikuwa patupu. Tulipogeuka, sanduku nililoliacha mlangoni halikuwepo.

Kesho yake mama akapiga simu kutoka Kapsabet, sauti chini chini.

"Ndugu yako amefika. Sura ni yake. Lakini nikimwita hageuki. Kitanda amekikataa, amefunga shuka kwenye boriti, analala akining'inia. Nikifunga mlango analia."

Nikamuuliza kama ana jeraha.

"Nimemwosha leo. Mgongo wote ni makovu ya mjeledi, ya zamani, yamepona kabisa. Jeptoo, huko mlimfanyia nini mwanangu?"