Kigingi cha Kumi na Mbili

"Kaka, sogea kidogo. Umesimama juu ya maji."

Duka la fotokopi lilijaa wanafunzi wapya. Mhadhiri wa uhandisi wa maji alitazama viatu vyake, kisha akamtazama aliyesema: gauni la njano, buti za mpira, tope kavu hadi magotini.

"Dada, hii ni saruji."

"Chini yake, mita tisa. Haya, bisha."

Alibisha. Jioni alifungua ramani ya zamani ya jengo lile, akakuta kisima kilichofukiwa. Kina: mita tisa.

Mwanamke huyo alikuwa mchimba visima, kazi aliyorithi kwa bibi yake. Kufikia muhula wa pili alikuwa akifundisha chuoni kutafuta maji kwa nyayo, na mhadhiri alikuwa akimwita "mpenzi" mbele za watu bila kukohoa kwanza.

Ugomvi ulitokana na sentensi moja. Mchimbaji aliiweka kwenye mtaala: anayepigilia kigingi penye maji lazima achimbe na aonje, la sivyo maji yatamfuata. Mhadhiri aliifuta, kwa kuwa haikuweza kutahiniwa. Siku ya mtihani wanafunzi kumi na mmoja walipigilia vigingi uwanjani, wakapewa maksi, wakaenda zao.

"Umechukua nusu, halafu unaiita elimu ya bibi yangu," alisema mchimbaji, akarudisha ufunguo wa ofisi. "Usinipigie."

Wiki ya kwanza mwanafunzi mmoja alisikia maji yakitiririka chini ya kitanda chake. Ya pili, wote kumi na mmoja, na walikaa mitaa tofauti. Mhadhiri alipeleka kipimo cha unyevu kila chumba: sifuri. Ya tatu, viatu vyao vilikutwa vimelowa kila asubuhi. Wiki hiyohiyo sauti ilianza mlangoni kwa mhadhiri.

Alipiga simu.

"Sentensi yako imerudi. Kamati ya mtaala imeipitisha leo."

"Kamati ile? Uliwapa nini?"

"Nilimwomba mwenyekiti aweke sikio sakafuni kwangu."

Mchimbaji alicheka. "Nakuja na sururu."

Wanafunzi walichimba, wakaonja. Sauti zilikoma moja baada ya nyingine. Ilibaki ya nyumbani kwa mhadhiri.

"Lakini mimi sikupigilia kigingi."

Mchimbaji alisogeza chungu cha maua kando ya mlango. Kigingi kilikuwa pale, kimezama hadi kichwani.

"Ni changu. Nilikipigilia siku uliyonialika chai, sikuchimba. Kwa mama ninakokaa, viatu vyangu havijakauka tangu siku hiyo."

"Kuchimba hapa kutachukua muda gani?"

"Ni mwamba. Miezi sita."

"Miezi sita unaingia na kutoka kwangu, majirani watatumaliza. Tuoane kwanza."

Kabla hajajibu, kitu kiligonga chini ya kizingiti mara tatu, taratibu, kama mgeni mwenye adabu. Mchimbaji alivua buti, akakanyaga pale kwa miguu mitupu.

"Nimekubali," alisema.

Alikuwa akitazama chini. Mhadhiri hakuwa na hakika anamjibu nani.