Kucha ya Kijani

Gaspar nafanya naye kazi na si mtu wa kutunga maneno, ndiyo maana hili alilonisimulia linaninyima raha.

Mchana mmoja alipeleka mahindi kusaga Tandale. Umeme ukakatika yakiwa tayari kwenye mashine, kibanda kikawa giza tupu. Akakaa juu ya gunia, akafungua kasino kwenye simu, ile ya mubashara ambayo dada wa Kizungu anagawa karata huku wachezaji wakimwandikia ujumbe. Dada mwenyewe alipaka kucha rangi ya kijani.

Gaspar akaliwa hela mara tatu mfululizo. Kwa hasira akaandika, "Nitakukata hivyo vidole." Aliandika Kiswahili akijua Mzungu hataelewa, anawatukanaga hivyo kila siku.

Dada akasoma. Tabasamu likafutika. Akageuka kumtazama mtu pembeni, akatikisa kichwa kukataa, na mkono wenye panga ukatokea kwenye kioo cha simu. Gaspar alisikia mfupa ukivunjika. Damu ikafunika karata, naye dada akaendelea kugawa kwa mkono uliobaki mzima, huku analia.

Umeme ukarudi. Mashine ikanguruma, halafu ikagonga kitu kigumu. Kak. Kak.

"Kaka, mahindi yako yana mawe?" aliuliza Recho, mwenye mashine.

Gaspar akaingiza mkono kwenye unga wa moto, akatoa kidole kizima chenye kucha ya kijani. Kilikuwa kinajikunja na kujikunjua taratibu, kama kinafunua karata.